Ngoja-ngoja na Tumbo la Bwana Watanabe

Wahenga wetu walinena kwamba ngoja ngoja huumiza matumbo. Yumkini mtunzi wa sinema wa Kijapani, Akira Kurosawa, hakupata kuisikia methali hiyo maishani mwake. Lakini mnamo mwezi wa Oktoba mwaka 1952 aliwatolea wananchi wa nchi yake sinema ambayo picha yake ya kwanza kabisa ni picha ya tumbo. Si tumbo la njaa, wala si tumbo la shibe. Ni tumbo lililopigwa eksirei hospitalini, na sauti ya msimuliaji inatuarifu kwamba hili ni tumbo la mhusika wetu mkuu, kwamba limeingiwa na saratani, na kwamba mwenyewe bado hana habari. Kisha tunaonyeshwa mwenye tumbo: mzee aliyeketi nyuma ya meza iliyozingirwa na marundo ya majalada, akigonga muhuri karatasi baada ya karatasi, na mara kwa mara akiitazama saa yake.

Sinema hiyo inaitwa Ikiru, maana yake "Kuishi". Wengi walioiona huikumbuka kwa machozi, na machozi yanastahili. Hata hivyo sehemu yake ya mwanzo, na tena sehemu kubwa ya mwisho wake, ni kichekesho kikali juu ya urasimu wa serikali, pengine kikali kupita vyote vilivyopata kutengenezwa katika nchi ile. Leo tumekusudia kuizungumza, kwa sababu inaueleza ugonjwa huu kwa namna ambayo hotuba na nyaraka zetu aghalabu hushindwa kuueleza.

Ili kuielewa kejeli hiyo, yafaa tukumbuke Japani ilikuwa katika hali gani. Chini ya katiba ya mwaka 1889 ofisa wa serikali alikuwa mtumishi wa Mfalme. Aliwajibika kwa Mfalme, wala hakuwajibika kwa raia. Wajapani wenyewe walikuwa na msemo wa kuieleza hali hiyo, kanson minpi, yaani kumtukuza ofisa na kumdunisha raia. Baada ya kushindwa vitani mwaka 1945 nchi ilikaliwa na majeshi ya nchi washirika chini ya uongozi wa Marekani, na katiba mpya ikaanza kutumika tarehe 3 Mei 1947. Kifungu cha 15 cha katiba hiyo kinatamka kwamba watumishi wote wa umma ni watumishi wa jamii nzima, si wa kundi moja la watu. Ukaliaji ule ulikoma tarehe 28 Aprili 1952, na miezi michache baadaye sinema ya Kurosawa ikatoka. Basi sheria ilikuwa imekwisha kubadilika tangu miaka mitano nyuma. Alilotaka kuliuliza mtunzi ni jambo jingine: je, yule aliyeketi nyuma ya dirisha la ofisi, naye alibadilika?

Mzee wetu jina lake Kanji Watanabe. Ni mkuu wa Idara ya Wananchi katika ofisi ya mji, na nafasi yake imeigizwa na Takashi Shimura. Mbele ya idara yake limebandikwa tangazo linalowakaribisha raia walete shida zao na malalamiko yao, kwa kuwa dirisha hilo ni lao. Watanabe ametumika karibu miaka 30 bila kukosa kazi hata siku moja. Ukisikia hivyo utasema huyu ni mtumishi wa kutunukiwa nishani. Lakini msimuliaji hana subira naye, asema kwamba mtu huyu hakika hayupo hai, bali anapitisha wakati tu. Ndani ya mtoto wa meza yake mna andiko la zamani alilolitunga yeye mwenyewe mwaka 1930, alipokuwa kijana mwenye ari, lenye mapendekezo ya kuongeza ufanisi wa idara. Siku hizi andiko hilo lina kazi moja tu. Watanabe huchana ukurasa akafutia wino wa muhuri wake.

Katika idara hiyo yumo msichana mmoja karani, Toyo, ambaye bado anajua kucheka. Siku moja anawasomea wenzake mzaha aliouona gazetini: mtu mmoja aliulizwa kwa nini hachukui likizo, je, ni kwa sababu ofisi haiwezi kwenda bila yeye? Akajibu, la hasha, ni kwa sababu anaogopa wakubwa watagundua kwamba ofisi yaenda vizuri kabisa bila yeye. Hakuna anayecheka isipokuwa Toyo. Msichana huyu amempa kila mkubwa wake jina la utani, na mkuu wake amemwita Mumia, yaani maiti iliyokaushwa ikahifadhiwa, kama zile za mafirauni wa Misri.

Ndipo wanaingia wanawake wa mtaa wa Kuroe. Hawa ni akina mama wa hali ya chini. Katika mtaa wao kuna dimbwi la maji machafu linalonuka, linazaa mbu, na linawatia watoto wao vipele. Ombi lao ni kwamba dimbwi likaushwe, na mahali pale pafanywe uwanja wa watoto kuchezea. Karani wa Idara ya Wananchi, bila ya kuwatukana wala kuwafukuza, anawaambia waende Idara ya Ujenzi. Ujenzi wanasema hili ni jambo la Bustani. Bustani wanasema linahusu afya. Afya wanawapeleka kwa watu wa usafi, wa usafi kwa wa kuzuia maradhi, nao kwa wanaoshughulika na wadudu. Kutoka hapo kwenye mifereji ya maji machafu, kwenye barabara, kwenye mipango ya mji, hata kwa kikosi cha zimamoto na kwenye elimu. Kurosawa ameipanga safari hii kwa picha fupi fupi zinazofukuzana, kila uso nyuma ya kila dirisha ukitoa sababu yake na kuonyesha kwa kidole mahali pa kwenda. Mwisho wanafikishwa mbele ya naibu meya. Yeye anawapokea kwa bashasha, anawaambia kwamba ni kwa ajili ya shida kama hizo serikali ya mji ilianzisha idara maalumu, na idara yenyewe ni Idara ya Wananchi. Basi wanarudi palepale walipoanzia, na karani yuleyule, bila hata kuwatambua, anaanza kuwaelekeza Idara ya Ujenzi. Hapo mmoja wao anapasuka kwa hasira, auliza tangazo lile limebandikwa la nini, na kama wananchi ni watu wa kuchezewa.

Mtazamaji hucheka kwanza, kisha kicheko kikamkwama kooni. Sababu ni kwamba katika ofisi zote zile hakuna aliyekula rushwa, hakuna aliyetoa matusi, na pengine hakuna aliyesema uongo. Maji machafu kweli yanahusu afya. Mbu kweli ni wadudu. Uwanja wa watoto kweli ni bustani. Kila mmoja alikuwa na haki katika neno lake, na jumla ya haki zote hizo ikawa ni dhuluma. Sisi tumezoea kuutafuta urasimu katika mtu mwovu: karani mlevi, mkubwa mwenye kiburi, mla mlungula. Hao wapo, na dawa yao inajulikana. Kurosawa anatuonyesha ugonjwa ulio mgumu zaidi, ambao hauna mhalifu. Hakuna aliyelikataa ombi la akina mama wale. Na kwa kuwa hakuna aliyelikataa, hawakuwa na wa kumkatia rufani.

Neno letu wenyewe lina siri ndani yake. Urasimu latokana na rasmi, na asili yake ni rasm ya Kiarabu, ambayo maana yake ni mchoro, au alama. Lakini katika lugha hiyo rasm pia ni athari inayosalia ardhini baada ya watu kuhama: majivu ya mafiga na mahali palipokuwa na mahema, ambapo washairi wa kale wa Arabuni walisimama wakalia. Sijui kama kuna maelezo ya urasimu yaliyo bora kuliko hayo. Umbo lipo, meza ipo, muhuri upo, tangazo lipo ukutani. Wenyeji wamekwisha hama.

Turudi kwa Bwana Watanabe. Tumbo linamuuma, anakwenda hospitali. Katika chumba cha kungojea mgonjwa mmoja mwenye maneno mengi anamweleza kwamba ukiwa na saratani daktari hatakuambia. Atasema ni kidonda kidogo cha tumbo, hakihitaji kupasuliwa, na unaruhusiwa kula chochote. Watanabe anaingia kwa daktari, na daktari anayatamka maneno yaleyale. Mzee aliyewarudisha watu dirishani kwa miaka mingi kwa maneno laini yasiyo na ukweli ndani yake, sasa amesimama yeye upande wa pili wa dirisha. Nyumbani nako hapati faraja. Anawasikia mwanawe na mkewe mwanawe wakizungumza juu ya kiinua mgongo chake na namna watakavyokitumia. Anatoa fedha zake benki, anazunguka usiku katika mabaa na madansi, asione raha.

Anayemwokoa ni Toyo. Msichana huyu amechoka na ofisi anataka kuacha kazi, lakini hata kuacha kazi kwahitaji muhuri wa mkuu wake, na mkuu haonekani. Basi inambidi amtafute mitaani na karatasi mkononi. Kichekesho hicho kidogo ndicho mlango wa wokovu. Toyo anapata kazi katika kiwanda cha vinyago vya watoto, akitengeneza sungura wa kuchezea. Ujira si mkubwa, lakini anasema kwamba anapotengeneza sungura wale ajiona kama amekuwa rafiki wa kila mtoto mchanga wa Japani. Kwa nini, anamwuliza mzee, nawe usitengeneze kitu? Watanabe anawaza, kisha anatambua kwamba kumbe muda bado haujamwisha. Na kwamba hata katika ofisi yake lipo jambo la kufanya, akitia nia tu.

Asubuhi anarudi kazini, analichambua rundo la majalada, anatoa ombi la akina mama wa Kuroe. Msaidizi wake, Ono, anamkumbusha kwamba hilo ni jambo la Idara ya Ujenzi. Watanabe anavaa koti lake akatoka, mvua inanyesha, kwenda kulitazama dimbwi kwa macho yake.

Hapa mtunzi anafanya jambo la ajabu. Badala ya kutuonyesha ushujaa wa mzee hatua kwa hatua, anatuambia kwamba miezi mitano ilipita na mhusika wetu akafariki. Sinema inahamia matangani. Uwanja wa watoto umekwisha jengwa, na maafisa wameketi mbele ya picha ya marehemu wakijadili ni nani aliyeujenga. Waandishi wa habari wanamhoji naibu meya, ambaye katika hotuba yake ya ufunguzi hakumtaja Watanabe hata mara moja. Naye anaeleza kwa upole kwamba uwanja ni kazi ya idara inayohusika na bustani, na kwamba anayedhani mkuu wa Idara ya Wananchi aweza kujenga uwanja haelewi taratibu za serikali. Wote wanaitikia. Kisha wanaingia akina mama wa Kuroe, wanafukiza ubani, wanalia mbele ya picha kwa kilio kisicho na taratibu. Wakubwa wanainamisha nyuso zao. Na haupiti muda naibu meya anaaga.

Waliobaki wanaendelea kunywa, na kadiri pombe inavyoingia ndivyo ukweli unavyotoka. Mmoja akumbuka jinsi mzee alivyosimama mbele ya meza yake, ameinamisha kichwa, hasemi neno, haondoki, mpaka jalada likatiwa sahihi. Mwingine akumbuka jinsi alivyodharauliwa hadharani, na alipoulizwa kwa nini hakasiriki alijibu kwamba hana nafasi ya kumchukia mtu, muda hautoshi. Mwingine akumbuka wahuni waliolitaka eneo lile kwa biashara zao wakamtishia maisha, naye akawatazama tu akitabasamu. Askari polisi aleta kofia ya marehemu, asimulia kwamba usiku ule wa mwisho alimwona ameketi juu ya bembea ya uwanja mpya, theluji ikimwangukia, akiimba wimbo wa zamani. Akadhani ni mlevi, akapita. Maafisa wanalia. Wanaapa mbele ya picha kwamba kuanzia kesho watatumika kama Watanabe alivyotumika.

Na kesho yake ikafika. Ono ndiye mkuu mpya wa idara. Karani aleta habari kwamba raia wamekuja kulalamikia maji machafu. Ono asema: wapelekwe Idara ya Ujenzi. Kijana Kimura, aliyemtetea marehemu peke yake matangani, asimama ghafla hata kiti chake chaanguka. Ono amtazama. Wenzake wanainamia kazi zao. Kimura aketi polepole, na marundo ya majalada yanamfunika hata hatumwoni tena.

Ndugu msomaji, kuna mambo mawili katika hadithi hii ambayo mtumishi wa umma hana budi kuyatafakari kwa makini.

La kwanza ni kwamba uwanja ule ulijengwa na ofisi zilezile zilizoushindwa. Hapakuletwa sheria mpya, wala idara mpya, wala tume. Ujenzi ilikuwa ileile, Bustani ileile, naibu meya yuleyule, mihuri ileile. Kilichoongezeka ni mtu mmoja aliyetembea na jalada kwa miguu yake kutoka meza hii hadi meza ile, akakataa kuliacha katikati ya njia. Kwa hiyo mtumishi anayesema kwamba mikono yake imefungwa na taratibu, pengine asema kweli. Lakini kwanza ajiulize kama amepata kulisindikiza jalada hata moja mpaka mwisho wake.

La pili ni chungu zaidi. Kiapo cha usiku hakikufika asubuhi. Kurosawa angeweza kuimaliza sinema kwenye machozi ya matangani, nasi tungetoka tumeridhika. Hakufanya hivyo, kwa sababu alijua kwamba machozi na maazimio ni rahisi, na kwamba ofisi inayotegemea moyo wa mtu mmoja itarudi ilivyokuwa siku mtu huyo atakapozikwa. Laiti baada ya kifo cha mzee ingewekwa kanuni ndogo tu, kwamba ofisi inayopokea ombi ndiyo itakayolifuatilia na kumjibu mwananchi, na kwamba ofisa fulani, kwa jina lake, ndiye atakayeulizwa, Kimura angesimama asiketi.

Mtunzi mwenyewe aliyaonja haya. Mwaka 1945 alitengeneza sinema ya kuchekesha juu ya mabwana wa kale wa Kijapani, iitwayo Wanaume Wanaokanyaga Mkia wa Chui Milia, na wakaguzi wa Kijapani wakaichukia. Kwa maelezo yake mwenyewe, wakaguzi hao hawakuipiga marufuku waziwazi; waliacha tu kuiandika katika orodha iliyopelekwa kwa utawala wa majeshi ya ukaliaji, na kwa kuwa haikuwemo katika orodha, ikawa sinema isiyo halali. Ilionyeshwa kwa watu mwaka 1952, mwaka uleule wa Ikiru. Naam, aliyeiandika safari ya akina mama wa Kuroe alikuwa anaijua njia.

Tangu siku hizo dunia imebadilika, na Japani imebadilika kupita nchi nyingi. Lakini mwaka 2020, wakati wa maradhi ya korona, wafanyakazi wengi wa nchi hiyo walilazimika kusafiri hadi ofisini ili tu kugonga muhuri, na waziri wa mageuzi ya utawala, Taro Kono, akaamua kuuondoa muhuri katika sehemu kubwa mno ya taratibu za serikali zipatazo 15,000. Ni hatua njema. Hata hivyo Bwana Watanabe hakuuliwa na muhuri, na wala hakuutupa alipofufuka. Alianza kuugonga mahali palipostahili. Mashine nayo yaweza kumwambia raia aende Idara ya Ujenzi, tena upesi kuliko karani. Ndiyo maana Waingereza walipoitengeneza upya hadithi hii mwaka 2022, kwa jina la Living na kwa mwandiko wa Kazuo Ishiguro, waliihamishia katika ofisi za serikali ya mji wa London wa mwaka 1953, na hakuna aliyeona kwamba imekwenda ugenini.

Picha ya mwisho ya Ikiru yamwonyesha Kimura jioni, amesimama juu ya daraja akiutazama uwanja ulio chini. Watoto wanabembea, mama zao wanawaita wakale. Watoto wale hawamjui Watanabe, wala hawajui ni ofisi ngapi zilipitiwa ili bembea ile ipatikane. Hawana haja ya kujua. Haki yao ilikuwa ni kucheza mahali pakavu, na wameipata.

Katika kila ofisi, ya bara na ya visiwani, lipo jalada moja lililolala chini ya rundo, na nyuma ya jalada hilo yupo mtu aliyekwisha ambiwa njoo kesho. Mtumishi mwenye kuyasoma haya asingoje daktari amhesabie miezi. Na alitoe jalada hilo leo, aende nalo mwenyewe kwenye meza inayofuata, asimame hapo mpaka apewe jibu.